Mtume na Mtumwa

Jumatatu, 9 Juni 2025
Barua imefika. Intavyu ni Ijumaa, shule ya serikali kule Keringet. Niende na vyeti halisi. Halisi! Vyangu viko kwenye droo ya mkurugenzi tangu aniajiri hapa Gilgil, miaka minne sasa. Alisema anavitunza visipotee.

Nimeenda kuviomba. Mkurugenzi anaitwa Jamleck, lakini ukimwita Jamleck hasikii. Ni Mtume Jamleck — kanisa lake na shule yake ziko kiwanja kimoja. Amesema ataliombea jambo hilo kwanza. Halafu akanituma nikamchukulie suti kwa dobi.

Nikaenda.

Jumanne, 10 Juni
Kidato cha Pili, unyambuaji wa vitenzi. Fancy, yule msichana asiyechoka kuuliza, akataka kujua neno "mtumwa" lilitoka wapi. Nikaandika ubaoni: tuma, tumwa, mtumwa. Aliyetumwa. Nikawaambia neno lenyewe halina mnyororo wala kiboko ndani yake. Ni mtu anaambiwa nenda, anaenda.

Fancy tena: "Na mtume, Madam?"

Kitenzi ni kilekile, nikasema. Mmoja hutumwa na Mungu, mwingine hutumwa na mtu.

Kisha kicheko kikaanzia nyuma. Jana walikuwa uwanjani nilipopita na suti ya Mtume begani. Sikucheka — lakini ilibaki kidogo nicheke.

Jumatano, 11 Juni
Habari ya darasani imemfikia Mtume. Bwana Kamande, naibu wake, ameniita kando ya maabara. Mzee ameumia sana, anasema. Mtu mzima, kuumizwa na kitenzi!

Kamande ana digrii ya fizikia na kila Jumamosi humwoshea Mtume gari. Nikamuuliza vyeti vyake yeye viko wapi. Akasema ana kipindi. Hakuwa na kipindi.

Alhamisi, 12 Juni
Niko ofisini kwa Mtume. Naandikia magotini, ametoka kibarazani kupokea simu.

Vyeti vyangu viko mezani, na droo ameiacha wazi. Cha digrii kimetafunwa kona — droo ya Mtume ina panya. Juu yake ameweka karatasi aliyochapa mwenyewe. "Mimi, Madam Nanyama, nilipotosha wanafunzi. Mtume na mtumwa ni maneno isiyohusiana." Niisome paredi saa nne, mbele ya shule nzima, ndipo nipewe vyangu.

"Ni sentensi mbili tu, Madam," amesema kwa upole. "Soma, uende zako."

Mbili tu. Nimezisoma mara tatu. Ile ya pili ni uongo, na upatanisho umemshinda. Nimekata "isiyohusiana" kwa wino mwekundu, nikaandika "yasiyohusiana". Mkono ulitangulia akili. Sasa karatasi yake ina alama yangu, na bado ni uongo.

Namsikia nje. Ndiyo, Askofu. Nitaleta mwenyewe, Askofu. Hata leo, Askofu.

Kengele. Wanafunzi wanajipanga. Nimefungua zipu ya mkoba. Cheti cha kwanza kimeingia. Cha pili —

Kamande ameingia kuniita paredi. Ameona mkono wangu ulipo. Amerudisha mlango polepole, akasikiliza sauti ya kibarazani, kisha akaniuliza kwa kunong'ona kama droo bado iko wazi.