Safari ya Saa Mbili Iliyokula Siku Nzima

Jumatano, Lodwar. Upepo umeamka kabla yangu leo, na vumbi limeingia hadi kwenye sufuria zilizofunikwa. Nimefagia mara mbili nikaacha. Gari liko chini ya mwarobaini, halijaoshwa, na sina haraka ya kuliosha. Nataka kwanza kuandika ya jana nisije nikayasahau, au mbaya zaidi, nikaanza kuyasimulia vizuri kuliko yalivyokuwa.

Kwa wasionijua: mimi ni dereva. Nabeba watu kati ya Lodwar na Kakuma kwa gari langu mwenyewe. Mtu anashuka kwenye ndege, namchukua, namfikisha. Tangu lami ikamilike, njia iliyokuwa ikila nusu siku na kuvunja migongo ya watu imekuwa ya saa mbili hivi. Nimeipita kwa miaka sita, na sifa yangu kubwa mjini ni kwamba sichelewi.

Jana nilichelewa kwa saa saba.

Abiria wangu alikuwa mmoja, kijana wa miaka ishirini na sita anayeitwa Mabior. Wiki iliyopita dada yake, Ayen, alinipigia simu kutoka kambini Kakuma. Alinieleza kwamba familia yao ilitoka Sudan Kusini, na kwamba Mabior alichukuliwa na baba yake mdogo akapelekwa Kanada akiwa na miaka sita. Sasa anarudi kumwona mama yao kwa mara ya kwanza. Mama atapika. Tafadhali nifike naye kabla ya saa nne asubuhi, kwa sababu tangu siku ya tikiti kununuliwa mama halali vizuri.

Nikamwambia asiwe na wasiwasi.

Saa moja na nusu nilimkuta Mabior nje ya nyumba ya wageni, mrefu, begi moja mgongoni na daftari dogo mkononi. Alinisalimu kwa Kiswahili cha kutafuta maneno, kisha akahamia Kiingereza. Akauliza kama tungeweza kupanda kwanza kile kilima chenye sanamu ya Kristo. Dakika kumi tu. Nikakubali, kwa kuwa dakika kumi hufidika kwenye lami.

Tukakaa juu kule karibu saa nzima. Alitaka kujua kila kitu kwa jina lake. Yale mabati yanayong'aa ni nini, ule mstari wa kijani unaozunguka mji ni nini. Nikamwambia ni mto Turkwel, na miti ile ni mikoma. Akaandika. Akarudia kwa sauti, mkoma, mikoma, kama mtoto wa darasa la kwanza. Nikajisemea, haya, leo nimepata mtalii.

Darajani akaomba tusimame tena. Kilomita chache mbele, kwenye vile vichuguu virefu vya mchwa vilivyosimama kama watu waliosahaulika njiani, akaomba tena. Alizunguka kimoja, akakigonga kwa kidole, akauliza kama ndani bado wamo. Sikujua. Miaka sita nimevipita vichuguu hivyo nikivitumia kukadiria umbali tu, sijawahi kukigusa hata kimoja. Nikaweka kiganja. Kichuguu kilikuwa kigumu kama saruji.

Hapo ndipo udadisi wake ulianza kuniambukiza. Aliponionyesha njia ya miguu inayotoka barabarani na kupotelea nyuma ya migunga, akauliza inaenda wapi, nilisema sijui kwa aibu kidogo. Tukaifuata, jua likichoma utosi. Nilitegemea boma au kisima. Tulikuta kanisa. Halikuwa na kuta, ni paa la matawi juu ya nguzo, magogo ya kukalia, na ubao mweusi umeegemezwa kwenye mti. Ubaoni palikuwa na orodha ya majina ya watakaofagia Jumapili. Tukasoma majina ya watu tusiowajua, na Mabior akaketi kwenye gogo la mbele, akakaa tu.

Saa nne ilikuwa imeshapita.

Simu yake iliita tukirudi kwenye gari. Alipokea, akamwambia Ayen kwamba tuko njiani. Ilipoita mara ya pili aliitazama mpaka ikanyamaza. Ikaita yangu. Na mimi, mtu mzima, nikamwambia Ayen kwamba tumepata shida ya tairi.

Magurudumu yote manne yalikuwa mazima.

Nakiri hapa jambo jingine. Kutoka pale nilianza kumhukumu. Nilimwona ni mtoto mwenye moyo mkavu, mama yake yuko jikoni tangu alfajiri na yeye anauliza majina ya miti. Nikaongeza mwendo. Lakini alipoomba tusimame kwenye laga, mto wa msimu, nikasimama, na sijui kama ni kwa ajili yake au ni kwa kuwa nami sasa nilitaka kuona.

Mto ulikuwa mkavu, mchanga mtupu kutoka ukingo hadi ukingo. Wanawake watatu walikuwa wamechimba shimo lenye kina cha mtu, mmoja yuko ndani anachota kwa kata, wengine wanapokea na kujaza madumu. Niliwasalimu, Ejok, wakaitikia. Mabior akaomba nimwombee nafasi ya kuteremka. Walicheka, wakampisha. Aliingia na viatu vyake vyeupe, akachota maji nusu na mchanga nusu, akammwagia mwenye dumu kichwani kwa bahati mbaya. Walicheka zaidi. Mwenye dumu, mama mmoja mwenye shanga hadi kidevuni, aliniuliza kwa Kiturkana huyu ni mtoto wa nani. Nikamweleza: mama yake yuko Kakuma, hawajaonana miaka ishirini, ndiko tunakoenda.

Yule mama aliacha kucheka. Akaniambia nimuulize swali moja.

Nikamtafsiria Mabior vile vile lilivyotoka. "Anauliza, kama mama yako yuko Kakuma, wewe unafanya nini ndani ya shimo?"

Alipanda juu, akaenda kuketi ukingoni, mchanga umemjaa magotini. Nikamfuata nikakaa hatua chache kutoka kwake. Jua lilikuwa limeanza kuinama aliponieleza kwa Kiingereza, taratibu, bila kuniangalia.

Kidinka kimempotea. Baba mdogo alikuwa mtu wa kazi za zamu, nyumbani hakuonekana, na mkewe hakukijua. Kufika miaka kumi, Mabior alikuwa amebaki na maneno kama ishirini, ya maji na ng'ombe na kulala. Mama yake hajui Kiingereza. Miaka yote wamezungumza kwa simu Ayen akiwa katikati: mama anasema, Ayen anatafsiri, yeye anajibu, Ayen anatafsiri. Hajawahi kumsikia mama yake akimwambia jambo yeye mwenyewe likafika.

Lakini alisoma chekechea hapo hapo kambini, na Kiswahili kidogo kilikwama kichwani. Na Ayen alimwambia kwamba mama, kwa kuishi Kakuma miaka yote hiyo na kuuza mboga, naye amekiokota. Ndiyo maana ya daftari. Alitaka kufika na maneno ya kutosha. Kila tuliposimama alikuwa anaongeza, na kila alipoongeza aliona bado hayatoshi.

Akalifungua nione. Kurasa nne. Kichuguu. Kivuli. Ukingo. Daraja. Kata. Pembeni ya kila neno alikuwa amechora picha ndogo.

"Nikifika na nishindwe kuongea na yeye," akasema, na hili alilisema kwa Kiswahili, "basi mimi niko mgeni wake tu."

Kisha akaomba turudi Lodwar. Tuje kesho. Kesho angekuwa tayari.

Nilitazama barabara. Ni kweli ningeweza kugeuza gari. Abiria ndiye mwenye safari, ndivyo ninavyowaambia watu siku zote. Na nilijua vilevile kwamba kesho angepata kichuguu kingine.

Badala ya kumjibu nilitembea mpaka penye mtandao, nikampigia Ayen, nikamwomba anipe mama yao. Sikuwa na mpango wowote. Nilitaka tu kusikia Kiswahili chake kikoje.

Sauti ilikuwa nzito, ya mtu aliyechoka kusubiri. "Wewe dereva? Tairi nakwisha pona?"

Nikashindwa kuendelea na uongo. "Mama, tairi halina shida. Mtoto ndiye anaogopa."

"Yeye naogopa nini?"

"Kwamba hamtasikilizana. Anasema Kidinka kimempotea, na Kiswahili chake ni kidogo."

Nikasikia kuku, nikasikia mtu akipita na redio. Nikadhani nimeharibu.

"Mimi pia naogopa," akasema. "Kiswahili yangu ni ya soko. Ya kuuza nyanya tu. Usiku mimi nasema peke yangu, Ayen nacheka." Akavuta pumzi. "Ambia yeye akuje. Tutaongea ya soko."

Nilirudi ukingoni nikamrudishia Mabior maneno hayo, yote, kwa makosa yake yote, hata ile ya Ayen kucheka. Alifunika uso kwa mikono. Sikujua kama analia au anacheka, na sikuuliza. Aliposimama alikung'uta mchanga magotini, akaenda kwa wale wanawake kuaga, na yule mwenye shanga akamnawisha uso kwa maji yake mwenyewe, maji aliyoyachimbia tangu asubuhi.

Kutoka hapo hatukusimama tena. Hakuuliza jina la kitu chochote. Midomo yake ilikuwa inatembea tu, na nilimsikia akipanga: Mama, nimerudi. Mama, nimefurahi sana kukuona. Alilirudia hilo "nimefurahi" mpaka likanyooka.

Saa kumi na moja tukafika. Nyumba ni ya matofali ya udongo na bati, ua wa miiba, na majirani walikuwa wamejipanga kana kwamba ni harusi. Ayen alikuja mbio akamkumbatia kaka yake, kisha akasogea pembeni, maana mama alikuwa amesimama mlangoni.

Ni mwanamke mrefu, mwembamba, amevaa gauni lililopigwa pasi mpaka mikunjo ikasimama. Hakumkimbilia. Alimwangalia kwanza kuanzia miguu, viatu vile vilivyochafuka, akapanda polepole hadi usoni. Mabior alifungua kinywa. Maneno aliyoyapanga njia nzima hayakutoka. Ayen alinitazama mimi, kana kwamba ningeweza kusaidia.

"Mama," akasema Mabior hatimaye. "Nyanya ni pesa ngapi?"

Yule mama alishika fremu ya mlango. Alicheka kicheko kilichomkalisha chini kizingitini, na machozi yakija palepale katikati ya kicheko, akanyoosha mikono.

"Leo ni bure," akasema.

Sitaandika mengi kuhusu dakika zilizofuata. Ni zao.

Nilikaribishwa ndani, nikapewa kisra, mikate yao myembamba ya mtama, na mchuzi uliopashwa moto sijui mara ngapi tangu saa nne. Nilikula nikiwasikiliza. Walianza kwa woga, neno moja moja, kama watu wanaovuka mto bila kuona chini. Kula. Nakula. Baridi iko huko? Iko, mama, baridi mbaya. Baada ya saa moja mama alikuwa anamgombeza: kwa nini amekonda, kwa nini hajaoa, kwa nini nywele ziko hivyo. Mabior akajitetea kuhusu nywele. Mama akasema nywele mbaya. Ayen alijaribu kutafsiri kitu, na wote wawili wakamwambia anyamaze.

Walipofika kwenye ugomvi, nilijua hawanihitaji.

Mama alinisindikiza hadi garini. Nilimwomba radhi kwa uongo wa tairi na kwa chakula kilichopoa. Alikuwa anatazama ndani ya gari, kiti cha mbele, kioo. Akaniambia kwamba wao walikuja kutoka upande wa Loki, kule mpakani, nyuma ya lori, wamefunikwa turubai. Tangu siku hiyo gari amelipanda mara mbili, mara zote amelazwa, akipelekwa hospitali. Mwanawe amemwambia leo ameona vitu vingi njiani. Yeye njia hiyo hajawahi kuiona.

"Siku moja nataka kukaa hapa mbele," akasema. "Gari naenda, mimi naangalia tu."

Nikamwambia hilo ni jambo dogo. Akatabasamu kwa adabu, kama mtu anavyomtabasamia mtoto, kwa sababu sote wawili tunajua mkimbizi hatoki Kakuma bila kibali, na kibali kina sababu zake: matibabu, masomo, kesi.

Mabior ana wiki tatu. Kesho nina abiria wa kwenda huko saa mbili asubuhi, na nikishamshusha nitapitia kwenye ofisi ya vibali, nipange foleni kama kila mtu, niombe fomu moja kwa ajili ya mama yule. Najua watakachoniuliza, kwa maana fomu zote huuliza: sababu ya safari. Nimekaa hapa na kalamu tangu asubuhi nikitafuta namna ya kuiandika ofisa aelewe.

Kuangalia. Sijapata neno jingine. Je, halitoshi?