Chuma cha Mama Gudveig

Jumatatu, 11 Desemba

Mama mkwe, Gudveig, kaniletea mkebe wa kwanza wa keki za Krismasi. Kavuka nao uani mwenyewe, juu ya barafu, utadhani kabeba kichanga. "Hizo za kuanzia. Na wewe Ingvild, umefika aina ya ngapi?" Nikasema ya tatu. (Ya pili! Lakini Krismasi bila aina saba za keki mezani ni aibu ya ukoo mzima.) Akabenua midomo: "Mwaka jana ulinunua dukani." Huyu mama hasahau!

Alipotoka nikafungua mkebe. Lo! Chumvi ya pembe ilinipanda puani hadi machozi. Ile ya kuumulia – ikiwa mbichi inanuka zizi, na bonde zima linajua: keki haijaiva mpaka harufu iishe. Hata watoto wanajua. Nikawatupia kuku. Kuku wamekataa.

Jioni mume wangu Sjur kapiga simu kutoka kwenye mtambo wao wa mafuta huko baharini. Swali ni lile lile tangu Mama aunguze sufuria mwezi wa kumi. "Ukiona dalili nyingine uniambie. Mwaka mpya aingie nyumba ya wazee, basi." Nikasema sijaona kitu. Sijui kwa nini nimesema hivyo.

Jumatano, 13 Desemba

Nimepita kwake kurudisha mkebe. Maziwa yanaungua! Yamefurika, yanakaangika kwenye jiko la kuni, harufu imejaa mpaka barazani. Mama kaligeuzia jiko mgongo, anafuma soksi, anaimba. Nikaiondoa sufuria. Akageuka: "Ndiyo umeanza kuniibia maziwa?"

Akili yake ni nzima. Ananitajia kila ng'ombe na mama yake. Si akili – ni pua! Yale mafua makali ya mwezi wa kumi yameiua. Hasikii harufu yoyote, na hajamwambia mtu.

Nyumba ya mbao. Jiko la kuni. Naogopa kweli. Nikimwambia Sjur, Mama anahamishwa, na atakufa kwa uchungu kabla uzee haujamuua. Nisipomwambia...

Alhamisi, 14 Desemba

Mambo yamezidi. Jumapili ni kahawa ya kanisani, na krumkake, zile keki za kubanwa kwenye chuma cha moto, huwa ni za Mama Gudveig, hakuna mwingine anayethubutu. Keshazioka. Kanionjesha moja. Nyembamba, imekunjwa vizuri, inapendeza macho – na siagi imechacha! Nikameza. Yeye ananitazama tu. "Je?" Nikasema tamu. "Kama kawaida," akasema, lakini sauti yake iliuliza.

Aslaug wa shamba la ng'ambo ya bonde atakuwepo. Ulimi wa Aslaug hauna pazia. Mpaka jioni habari itakuwa imemfikia Sjur baharini.

Ijumaa, 15 Desemba

Nimeiba.

Ningeoka zangu nikabadilisha kimyakimya, lakini kila nyumba hapa ina chuma chake cha kuokea, na kila chuma kina chapa yake. Cha Mama kina ndege mwenye ufa kwenye bawa. Keki isiyo na ndege yule si yake, kipofu angejua kwa kidole. Kwa hiyo alipokwenda mazoezi ya kwaya nikaingia, nikakitoa kabatini, nikakificha chini ya koti. Kizito! Nusu ya njia nikageuka – nyayo zangu kwenye theluji, kutoka mlango wake mpaka wangu. Nikachukua ufagio nikafagia uani kama kichaa.

Jumamosi, 16 Desemba

Nilianza kuoka Mama akiwa bado na usingizi wake wa mchana. Ya kwanza iling'ang'ania. Ya pili ikavunjika – lazima uikunje kwenye kijiti ikiwa ingali moto, ikipoa tu, kwaheri. Vidole vimebabuka. Ya sita ilikuwa chumani niliposikia mlango.

Nikaganda. Hata chuma sikukiondoa motoni. Nikawa nasikia keki inaungua, na Mama huko ukumbini anakung'uta viatu. "Harufu nzuri!" akasema kwa sauti. "Iliki, sivyo?"

Iliki! Ulikuwa mkaa mtupu.

Akaingia. Akauona moshi. Akakiona chuma chake. Nilidhani atanipiga. Alivuta kiti akakaa na koti lake.

"Zile za kwangu zina nini?"

"Siagi, Mama."

"Imechacha?"

"Sana."

Akakiangalia chuma chake. Kisha: "Na wewe ukaimeza." Nikaona mdomo wake unacheza, sikujua ni kicheko au kilio. Yeye mwenyewe hakujua, nadhani. Akavua koti, akanisukuma na nyonga. "Toka hapo, unaniharibia ndege."

Tumeoka mpaka unga ukaisha. Mikono yake haijapoteza kitu. Ila kila mara, kabla ya kufungua chuma, anagusa pua kwa kidole, ananitazama. Mimi nasema "bado", au "toa!" Jambo lenyewe hatukulitaja. Nilimwambia tu jiko asiwashe bila mimi. Akasema ndiyo. Halafu: "Sjur asijue." Nikasema ndiyo na mimi.

Jumapili, 17 Desemba

Zimeisha kabla ya kahawa! Aslaug kala nne. "Gudveig, mwaka huu umejipiku mwenyewe." Mama kanifinya paja chini ya meza, bado linauma. Nilicheka njia nzima.

Jumanne, 19 Desemba

Sjur kapiga. "Umeona dalili?" Nikamwambia habari za Aslaug na krumkake nne. Akacheka, akasema labda tumwache Mama na nyumba yake. Nilipaswa kufurahi. Sijalala.

Ijumaa, 22 Desemba

Sjur kafika na feri ya mchana. Kaweka begi, kanibusu, kaenda moja kwa moja kwa mama yake. Nilimwambia anywe kwanza kahawa! Hakunywa.

Mama aliahidi. Lakini mwanawe anakuja nyumbani – ataacha kumuokea?

Nakaa dirishani na daftari hili ili mikono iwe na kazi. Saa tisa alasiri, giza la majira ya baridi limeshaingia, naona taa zake vizuri.

Madirisha yake yanafunguliwa. La jikoni. La sebuleni. Yote! Na nje ni baridi ya kupasua mawe.

Sjur ametoka. Anakuja huku, hakuvaa kofia. Kakunja ngumi. Amejua.

Mama amesimama kwenye dirisha la jikoni lililo wazi. Ameniona. Anagusa pua kwa kidole – ananiuliza. Na mimi harufu ile ya chumvi ya pembe mbichi naisikia mpaka huku.

Buti za Sjur ziko kwenye ngazi. Anakung'uta thelu–