Hamsini Haijapungua Hamsini

Mjukuu wangu Wakesho,

Huku Mwanda tuko salama. Mama yako anapalilia maharagwe, nami kikohozi kimeniacha.

Umeuliza kama uombe ile kazi ya serikali, maana tangazo linataka gredi isiyopungua C, na wewe una C hiyo hiyo.

Nilipokuwa msichana niliomba ukarani Voi. Tangazo lilitaka alama zisizopungua hamsini kwenye mtihani wao, nami nikapata hamsini. Karani wa mapokezi akanirudishia karatasi. "Dada, wanataka waliopita hamsini."

Nililia pale kwenye ngazi. Kisha nikajifuta, nikarudi, nikamwomba mkubwa wake anisomee sheria yenyewe. Aliisoma mara mbili, kidole juu ya neno. "Zisizopungua," akasema. "Sasa hamsini imepungua nini? Mwandike huyu."

Nilihisi kama nimetua mzigo wa kuni. Karani yule hakuwa mbaya, alikuwa tu hajasoma lile neno vizuri. Tulifanya kazi pamoja miaka mingi, na mpaka nastaafu hakuna aliyeniuliza tena nilipata ngapi.

Peleka fomu yako, mama.

Nyanya yako,
Mkamburi