Ramani ya Kwa Wageni

Jumatatu, 3 Februari 2025

Maji hayakuja. Zamu yetu ilikuwa alasiri ya leo. Nimekaa ukingoni mwa mfereji na ndoo mbili, shati limepigwa pasi kama la mtu anayesubiri mchumba, nikaambulia tope. Hafidha kaniuliza kama niliyaeleza maji kwamba mimi ni mwalimu. Sikujibu. Miaka ishirini na saba ya ndoa, hilo moja nimejifunza.

Jioni kaja Mzee Loserian, jirani yangu wa juu, aliyeniuzia kiwanja. Shikamoo, marahaba, akakaa juu ya tofali — kiti kakikataa. Kaja mwenyewe ili nisisikie kwa mwingine. Kikao cha mfereji kimetufungia. Nyumba za Kwa Wageni hazipati maji mpaka wenye nyumba watoke na majembe.

"Wenyewe, Mwalimu. Kibarua hana kiwanja hapa."

Kwa Wageni ndiyo sisi. Nyumba arobaini na moja, watu tuliotoka mjini, Themi, Sombetini na Engutoto kufuata hewa ya mlimani. Miaka minane, na bado wageni. Siku ya kununua, wazee walimsimamisha kila mmoja kando ya mfereji wakamuuliza mambo matatu. Utatoka mwenyewe siku ya kuzibua? Hutaifunga njia ya ng'ombe? Hutauza bila kutuambia? Wote tukasema ndiyo. Mimi nilisema kwa sauti ya darasani, mpaka mzee mmoja akaziba sikio.

Mwaka wa kwanza nilitoka mara nne. Malengelenge, mgongo, aibu. Mwaka wa pili nikatuma kibarua. Kila mtu akatuma kibarua. Njia ya ng'ombe siku hizi ina geti la chuma.

Jumatano, 5 Februari 2025

Kidato cha Tano, kipindi cha tatu. Texas. Mada naipenda kwa sababu ina farasi, na wanafunzi hawasinzii upesi.

Nikawaambia: Mexico imepata uhuru wake, kaskazini ina nchi kubwa na raia wachache, na wenyeji wa asili hawaitambui. Ikawakaribisha walowezi kutoka Marekani. Ardhi karibu ya bure. Masharti: uwe raia wa Mexico, ufuate dini ya Kikatoliki, utii sheria za nchi. Wakasema ndiyo. Wakaja na watumwa wa kulima pamba, na Mexico ilipopiga marufuku utumwa wakanuna, wakatafuta vichochoro vya kuukwepa. Wakaongezeka mpaka wakawazidi waliowakaribisha. Mwaka 1830 Mexico ikafunga mlango. Wakati huo nyumba ilishajaa.

Anande, msichana wa benchi la mbele, haandiki kitu mpaka akielewe. "Mwalimu, kwa hiyo waliapa uongo?"

Nikasema hapana, wengi walikusudia kweli. Siku ile.

Darasa zima likacheka. Na mimi nikaanza kucheka, halafu sikuendelea.

Jumamosi, 8 Februari 2025

Kikao cha kamati yetu ya Kwa Wageni, barazani kwa Aristides. Ndiye mwenyekiti wetu, mkandarasi wa barabara, mtu wa sauti. Geti lile la chuma ni lake. Mimi katibu — nilichaguliwa kwa sababu ya mwandiko.

Aristides kasema kijiji kimetugeuka. Tunaishi kama wa mjini, tunafanya kazi mjini, tunakunywa maji kwa hisani ya wazee wenye majembe mpaka lini? Tuandike barua, kitongoji chetu kitolewe kijijini kiingizwe Jijini. Tuwe mtaa. Tupate bomba, lami, taa. Watu wakapiga makofi. Na mimi nilipiga, niseme kweli.

Barua ikahitaji ramani. "Katibu, wewe kila siku unachora dunia nzima ubaoni. Kijiji kimoja kitakushinda?"

Nilivimba kichwa. Nikaleta penseli za rangi. Barabara nyekundu, nyumba zetu za manjano, nikapaka kivuli mteremko wa Mlima Meru, kila mtu akaniinamia begani. Ikabaki mipaka. Nyuma ya nyumba yangu, pale Kwa Wageni inapoishia, kuna korongo la chini, dogo, kavu, limefunikwa na vichaka. Hata kwa macho hulioni vizuri. Juu zaidi, karibu na msitu, kuna korongo kubwa lenye maji. Kwenye karatasi lile dogo lilionekana kama mkunjo wa shati.

"Panda kidogo, Katibu," kasema Aristides.

Nikapanda. Nikauchora mpaka kwenye korongo la juu, wino wa bluu, mawimbi mawili matatu ya urembo. Mtu kasema inafaa kuwekwa kwenye fremu. Nikaweka sahihi chini kama mchoraji.

Jumapili, 9 Februari 2025

Wamevunja kufuli la lango la mfereji. Saa nne asubuhi, wakati wenzetu wa kijijini wako ibadani. Aristides na wanaume tisa, na nyundo. Mimi nilikuwepo. Kazi yangu ilikuwa kushika makoti ya watu.

Maji yakateremka. Watoto wakashangilia. Nikajaza ndoo zangu mbili, zikawa nzito kuliko kawaida.

Saa nane vijana wa kijijini walikuwa wamepanga mawe barabarani. Gari la Aristides likapigwa jiwe kwenye kioo. Hakuna aliyeumia. Mzee Loserian alisimama kwenye mawe mpaka jua linakaribia kuzama, akiwaambia vijana waende nyumbani. Wakaenda. Alinipungia mkono kutoka mbali.

Kijiji kimeitisha mkutano Alhamisi.

Jumanne, 11 Februari 2025

Texas, sehemu ya pili. 1836 walowezi wakaasi, wakajitangaza nchi. Mwaka 1845 nchi yao ikaingizwa Marekani. Nikawauliza: Marekani ilituma jeshi kuiteka Texas? Hapana. Waliokuwa ndani ndio waliofungua mlango, wakaita, wakakabidhi na ramani.

Kisha nikachora mito miwili. Nueces huku, Rio Grande kule mbali. Mexico inasema mpaka wa Texas ni mto wa huku. Walowezi wanasema ni wa kule. Marekani ikapeleka askari katikati, damu ikamwagika, vita. Ndani ya miaka miwili Mexico ilikuwa imepoteza karibu nusu ya nchi yake, hadi bahari ya Pasifiki.

Nilikuwa napaka chaki ya rangi katikati ya mito. Mkono ukasimama wenyewe.

"Mwalimu, hapo katikati kulikuwa na watu?" Anande.

Nikasema swali zuri. Kwa kawaida hiyo maana yake sijui. Leo nilijua. Kulikuwa na wafugaji, makanisa, mji wa Laredo. Hawakuulizwa.

Kati ya korongo la chini na korongo la juu kuna maboma kumi na mawili. La kwanza ni la Mzee Loserian: kahawa, migomba, zizi, makaburi ya baba na mama yake. Nimeyaingiza yote mjini kwa sababu mstari ulipendeza. Shamba likiwa mjini linapangwa viwanja. Zizi linaondolewa. Mfereji unafukiwa, juu yake inapita barabara.

Nimerudi nyumbani kwa mguu. Hafidha kauliza kama naumwa.

Alhamisi, 13 Februari 2025

Nilikwenda kwa Aristides kabla ya kazi. Nikamwambia ramani ina kosa, nairekebisha leo leo.

"Kosa gani?"

"Mpaka. Uwe korongo la chini."

Kanitazama kwa huruma, kama mimi ninavyomtazama mwanafunzi aliyejibu swali la mwaka jana. Barua imeshapelekwa na sahihi arobaini na moja. Na kwa upande wake si kosa. Sisi peke yetu ni uchochoro, kasema, nani atatuletea lami? Kule juu ndiko kwenye nafasi ya shule, soko, zahanati. "Wazee wale watalipwa fidia, Mwalimu. Tunawasaidia."

"Wameomba?"

"Na wewe uliomba ruhusa ulipochora?"

Kamati imeshakubaliana na kampuni ya wapima ardhi waje waweke bikoni, yale mawe ya mpaka, ili ombi liwe na nguvu. Kanikabidhi chai. Nimeinywa, tena na andazi. Ndivyo nilivyo.

Jumamosi, 15 Februari 2025

Siku ya mfereji. Nimetoka. Kutoka Kwa Wageni nilikuwa peke yangu, na jembe la kuazima, na buti za Hafidha za bustanini kwa kuwa zangu zimetoboka. Nilitegemea kufukuzwa. Wakanipa sehemu yenye matope mengi, karibu na Mzee Loserian, ikawa basi.

"Mwalimu, hiyo siyo chaki. Shika huku chini."

Kila mtu akacheka, mimi zaidi. Tukazibua mpaka saa sita.

Wakati wa kupumzika kanisimulia mkutano wa Alhamisi. Wengi walitaka tusukumwe, tufungiwe barabara kabisa. Yeye kasimama. Kawaambia hawa watu wanataka kwenda mjini, waacheni waende. Mpaka si unajulikana, korongo la chini? Wakivuka wao, sisi tunabaki na mashamba yetu na mfereji wetu, hakuna sababu ya kuvunjana vichwa. Kawaapia. Kasema amezungumza na mimi miaka minane na hajasikia neno baya.

"Nikasema yule mwalimu ndiye anayewaandikia. Kama kungekuwa na jambo angeniambia."

Palepale. Mdomo nilikuwa nao, nafasi nilikuwa nayo, tumekaa magoti yakigusana. Nikasema, "Mzee, kahawa mwaka huu inaonekana itazaa vizuri."

Akasema Mungu akipenda.

Jumanne, 18 Februari 2025

Hafidha kaiona ramani ya kwanza, ile ya majaribio, kwenye daftari la mitihani.

"Hili wazo ni la Aristides?"

"La Aristides."

"Na mkono?"

"Wangu."

Kaikunja, kanirudishia. "Baba Nusura, kamwambie Mzee. Akisikia kwako atakutukana, yataisha. Akisikia kwa mwingine atanyamaza."

Nikasema kesho.

Jumatano, 19 Februari 2025

Sikwenda. Mvua.

Haikunyesha. Sijui namdanganya nani humu ndani.

Alhamisi, 20 Februari 2025

Nimekwenda. Nimefika mpaka kwenye migomba yake. Mkewe kasema Mzee kashuka Ngaramtoni sokoni, nisubiri, nikaletewa maziwa ya mgando. Nimesubiri saa nzima. Nikayapanga maneno vizuri, ya kwanza, ya pili, ya mwisho. Simu ikaita: kikao cha walimu. Nikashukuru simu. Nikakimbia kama mtoto aliyeitwa nje ya mtihani.

Mchana nimemwandikia Aristides ujumbe. Najiuzulu ukatibu, na naandika barua ya pili kukana ule mpaka. Kanijibu: Andika. Ila sahihi kwenye ramani ni yako, utaeleza ulikuwa unachora nini.

Barua nimeianza. Mistari minne.

Ijumaa, 21 Februari 2025

Baada ya swala nimekuta ujumbe kwenye kundi la kamati. Wapimaji wanakuja kesho asubuhi. Wataanza korongo la juu, watateremka. Watu wameweka vidole gumba, nimehesabu ishirini na saba.

Nimempigia Mzee Loserian mara tatu. Haipatikani. Huwa anaizima kutunza chaji.

Kesho alfajiri, kabla yao. Nimeweka buti mlangoni. Hafidha kazifuta tope.

Jumamosi, 22 Februari 2025

Saa moja na nusu. Wamenitangulia.

Nilikuwa nafunga kamba ya buti, Mzee Loserian kapiga simu mwenyewe. Sauti ya kawaida kabisa, hata na kicheko ndani. Kuna vijana wawili kwenye kahawa yake wana mashine ya miguu mitatu. Wamepotea, kasema. Wanadai mpaka uko juu kwenye msitu. Karatasi yao anaiona imechorwa vizuri, ila yeye hasomi bila miwani, na miwani imekanyagwa na mbuzi. "Nimewaambia tusibishane, twende kwa Mwalimu."

Nikasema nakuja huko. Kasema hapana, usisumbuke, tumeshafika kwenye mfereji, hao nawaleta.

Nimeingia chumbani kuchukua ile barua ya mistari minne, na badala yake nimeshika daftari hili. Aristides anapiga. Nimeigeuza simu kifudifudi.

Hodi imepigwa. Hafidha kawakaribisha. Nawasikia wanafuta miguu. Kijana mmoja anaomba radhi kwa matope, mwingine anaikunjua karatasi mezani — sauti yake naijua, ni karatasi ngumu, niliichagua mimi. Viti vinavutwa, na Mzee Loserian leo kakubali kiti.

Anawaambia, "Tulieni, vijana. Huyu anayetoka sasa hivi ndiye atawaonyesha mlikokosea."

Wote wananisubiri, na Hafidha ameufungua mlango wa chumba —