Maneno Marefu ya Karatasi ya Dawa

Jumatatu, 14 Julai
Kidonge cha Salma, uji, kumnyonyesha mdogo wake, kufua. Nimechoka. Miezi miwili sasa Salma hajaanguka kifafa. Baba yake yuko dago, kambi ya wavuvi, kisiwani Shungimbili, simu haipatikani. Kopo jipya la dawa limekuja na karatasi ya Kiingereza. Niliishia kidato cha pili. Maneno haya sijapata kuyaona. Nimeyanakili matatu. Nayatafuta kwenye simu, inatamka, nafuatisha.

Jumanne, 15 Julai
Ataxia. Hutamkwa ataksia. Kupepesuka, mwili kukosa mizani.
Nystagmus. Nistagmas. Macho kuchezacheza yenyewe.
Salma kayageuza wimbo wa kurukia kamba. Mama mkwe kauliza hiyo dua ya wapi. Sikucheka. Alasiri Salma kajikwaa kizingitini. Naogopa.

Jumatano, 16 Julai
Exfoliative. Eksfoliativ. Ngozi kubanduka.
Nimemkagua mwili mzima. Kipele kimoja mgongoni. Cha mbu, labda.
Kidonge sijampa. Sijamwambia mtu.

Alhamisi, 17 Julai
Sijampa tena. Mimi ndiye mama yake.

Ijumaa, 18 Julai
Ameanguka. Asubuhi, anavaa viatu vya shule. Nilimlaza ubavu kama nilivyofundishwa, mdogo wake analia mgongoni kwangu. Ikapita. Ikarudi. Bodaboda mpaka zahanati, nimemkumbatia, sijui kama anapumua.

Nesi Neema, yule wa kutoka Bara, kamchoma sindano. Salma katulia, kalala. Nikasema kweli yote, nikamwonyesha daftari na ile karatasi ya dawa. Nilingoja kugombezwa. Akaifungua karatasi, akaniuliza kama nililitafuta na hili neno fupi lililotangulia yale matatu. Rarely. Sikulitafuta. Marefu ndiyo yalinitisha. Kumbe maana yake madhara hayo hutokea mara chache sana.

"Mama Salma, dawa ya kifafa haikatishwi ghafla. Ungempoteza."

"Nilidhani namwokoa, dada."

"Najua. Hofu ikikushika tena, ilete hapa tuisome wote. Usiitibu peke yako."

Nimelia mbele za watu. Sijali.

Jumatano, 23 Julai
Vidonge anameza. Hajaanguka. Nakiogopa kidonge, naogopa zaidi akikikosa. Nampa.

Leo karudi shule. Nimemsindikiza mpaka getini, nikasimama. Kaniambia, mama nenda, wenzangu watanicheka. Nimeondoka.

Nimekaa jikoni na mdogo wake. Kila pikipiki ikipita nadhani imetumwa kuniita. Imepita hiyo. Na hiyo nayo imepita.