Vitambaa Vyekundu Nyasini

Nyumba ya nyuma,
Karibu na kiwanda cha matofali.
Jumapili asubuhi.

Mpendwa mume wangu uliyenikimbia,

Hujambo mjukuu wangu? Kifua kimeacha kukusumbua? Unakula, au bado unashindia chai? Mimi mzima. Goti linauma, lakini ni lile lile, tumeshazoeana. Anayeandika ni shangazi yako. Nimemwonya asinilainishie maneno.

Uliuliza habari za wale ndege wadogo wa kahawia wa kiwanja chetu cha nyasi. Wapo. Watu wanawadharau kwa kuwa wamefanana na udongo. Waache. Ndege gani mwingine mdogo hivyo anatembea kama mtu, hatua kwa hatua, badala ya kurukaruka? Kutwa yuko chini anaokota mbegu na wadudu. Dume ndiye mwenye maringo: anapanda juu akiimba mpaka shingo ikuume kumtazama, kisha anajiachia kama jiwe. Jike hana muda huo, ana watoto. Madume ya namna hiyo nayajua, babu yako alikuwa mmojawao.

Sasa sikia ya baba yako mdogo. Mkata majani wetu, yule tunayemwita Chapuchapu, alitaka kuleta mashine akate majani ya ng'ombe. Nikakataa, kuna viota chini ya mashina ya nyasi. Baba yako mdogo, fundi cherehani mzima na akili zake, akaona atupatanishe. Kila penye kiota akachomeka kijiti, akakifunga kitambaa chekundu, ili mashine ipite kando.

Kabla mashine haijafika, walifika kunguru. Walipopata mayai kwenye kitambaa cha kwanza, wakafuata vingine kimoja kimoja kama wasafiri wanaofuata vibao vya hoteli. Yakabaki maganda. Kimepona kiota kimoja tu chenye vifaranga, kwa sababu kijiti chake kilianguka.

Baba yako mdogo akatoka mbio kung'oa vijiti. Nikamwambia, "Hung'oi hata kimoja. Niletee mabaki yako yote ya vitambaa."

"Mama, si ndivyo vilivyowaua?"

"Ndivyo. Sasa waache kunguru wachoke."

Tukachomeka vijiti kiwanja kizima, pasipo na kitu. Kunguru wakatua, wakachungulia, wakatukana kwa lugha yao, wakaenda zao. Siku hizi wakiona nyekundu wanapita tu.

Aliyebaki kununa ni Chapuchapu. "Bibi, vitambaa vyote hivi, nitajuaje kipi cha kweli?"

"Hutajua. Ndiyo maana hukati."

"Na ng'ombe wa watu wale nini?"

Hapo alikuwa na haki. Nimempa ukingo wa upande wa nyumba na ukingo wa barabarani. Katikati pangoje. Vifaranga hawa hutoka kiotani kwa miguu kabla hawajajua kuruka. Kunguru wanaweza kuwakwepa hao vifaranga kwa kulala chini wakatulia, lakini mashine haikwepwi kwa kutulia.

Jana Chapuchapu kaapa kwamba kesho Jumatatu anakata kote, nitake nisitake. Nami nimeshatoa kigoda changu. Shangazi yako alidhani nitakwenda kukaa karibu na kiota. Thubutu! Kunguru wananitazama ninakokwenda. Nitakaa langoni, mgongo nimewapa vifaranga, na hiyo mashine itaanza na mimi. Sijawaona watoto hao, wala sitakwenda kuwaona mpaka waruke.

Baba yako mdogo anakusalimu kwa aibu, shangazi yako kwa mkono uliochoka. Msalimie mke mwenzangu huko, mwambie asikuache ulale na njaa. Mungu akufunike ukilala, akunyanyue ukiamka.

Ni mimi bibi yako, ninayekupenda hata ukininunia.