Mahfoudh wa kitabuni

Taghreed, acha unachofanya usome hii.

Unajua kila baada ya alasiri namsomea bibi riwaya zangu za Kiingereza, zile za vijijini kwao, siri za ukoo na mapenzi ya uzeeni. Namfasiria hapo hapo. Majina ya Kizungu bibi hayataki, kwa hiyo nawapa watu majina yetu.

Leo kitabuni mjane mmoja kaonana tena na mchumba wake wa ujanani, mfugaji kondoo. Mie bila kufikiri nkamwita Mahfoudh.

Bibi akaweka finjani ya kahawa chini. "Nani kakwambia?"

Nkasema bibi, hiki kitabu tu.

"Kitabu cha Waingereza kinamjuaje Mahfoudh wa Darsait?"

Taghreed. Mahfoudh wa Darsait. Yule mzee aliyefiwa na mkewe, anayekuja mpaka kwetu Bawshar kila Ijumaa na halua, na sisi miaka yote tunadhani anamfata baba kwa mazungumzo.

Kumbe, bibi mwenyewe kanambia, alimposa huko Unguja, kabla ya babu, wazee wakakataa. Hata mama hajui. Nimecheka mpaka machozi, na yeye wala hacheki.

Halafu kwa sauti ndogo: "Na huyo mjane, kamkubali?"

Mie mwisho sijafika, wallahi. Nkamwambia kamkubali.

Akaninyooshea finjani nimtilie tena. Bibi, ambaye siku zote akinywa moja huitikisa kusema basi.

"Ijumaa halua ipakueni mbele yangu," akasema. "Na mgeni akae."

Sasa nimejifungia chumbani nausoma huo mwisho mbio mbio. Ole wake mwandishi akimuua Mahfoudh.